Jinsi Bwana Shaw Alivyopima Michezo ya Wenziwe

(Hotuba iliyosomwa mbele ya wanachama wa tawi)



Tumeitwa kuzungumza jioni hii kwa sababu ya ugomvi, na haifai kuuficha kwani wengi wenu mlikuwapo. Majuma matatu yaliyopita vijana wetu walicheza mchezo wa kuigiza katika ukumbi wa shule. Watu walijaa hata watoto wakapanda madirishani. Mchezo ulipokwisha, ndugu yetu mmoja akasimama akasema waziwazi kwamba nia ya mchezo ule ilikuwa njema, lakini mchezo wenyewe ulikuwa dhaifu. Mwenye duka alikuwa mwovu tangu aingie mpaka atoke, wala hatukuonyeshwa hata mara moja kwa nini watu waliendelea kununua kwake. Na yule kijana shujaa alikuwa akisema na mama yake mzazi kama mtu asomaye tangazo lililobandikwa ukutani. Papo hapo akaulizwa, "Wewe uko upande gani?" Maneno yakazidi, ndugu yule akavaa kofia yake akaondoka, na mpaka leo hatujamwona mkutanoni.

Sisi tuliokaa safu ya nyuma hatukusema kitu. Hilo nalo tunalikiri mapema, kabla hamjatukumbusha.

Jambo lenyewe si dogo. Chama kinataka watungaji, na watungaji wanataka watu wa kuipima kazi yao. Je, mwanachama akitazama kazi ya mwenziwe, apime nini: upande aliopo, au kazi aliyoifanya? Tumeona tusilijibu kwa hasira za siku ile, ila tumtazame mtu mmoja aliyekaa na swali hili zaidi ya miaka 50. Mtu huyo ni George Bernard Shaw, mtungaji wa michezo ya kuigiza. Aliipima michezo ya wenziwe hadharani, walio hai na waliokufa, rafiki na wapinzani, na yeye mwenyewe akiwa mtu wa chama.

Bwana Shaw hakuwa Mwingereza, ingawa jina lake lilikuzwa London. Alizaliwa Dublin, mji mkuu wa Ayalandi, tarehe 26 Julai 1856, wakati nchi ile ikitawaliwa na Waingereza. Alikwenda London mwaka 1876 akiwa na miaka 19, hana kazi wala fedha. Aliandika riwaya tano na wachapishaji wakazikataa. Mwaka 1884 aliingia katika Chama cha Fabian, kundi dogo la wafuasi wa ujamaa waliotaka kuugeuza utaratibu wa mali kwa hoja na kura badala ya bunduki. Kwa miaka mingi alisema katika pembe za barabara na katika viwanja, bila malipo, na baadaye, kuanzia mwaka 1897 hata 1903, alikaa katika baraza la mtaa wa St. Pancras akishughulikia vyoo, taa na mitaro. Alikuwa basi mtu wa kazi kama hizi zetu: kugawa vikaratasi, kukaa katika kamati mpaka usiku, kusimama juu ya sanduku na kujibu maswali ya walevi.

Sasa sikilizeni jinsi alivyoanza. Kila katibu aliyeko hapa ajua taabu ya kupanga mikutano wakati watu wamechoka na wasemaji hawapatikani. Majira ya joto ya mwaka 1890 Chama cha Fabian kilikuwa katika taabu hiyo hiyo, kikaamua kujaza ratiba kwa mazungumzo juu ya ujamaa katika vitabu vya siku zile. Mmoja akapewa Zola, Mfaransa. Mwingine akapewa riwaya za Kirusi. Mwingine, maskini, akakubali kuzisoma riwaya zote za kijamaa zilizokuwa zikitolewa, na kazi ile ikamshinda, watu wakacheka. Bwana Shaw akakubali kumshika Henrik Ibsen, mtungaji wa michezo kutoka Norwe. Tarehe 18 Julai 1890, katika hoteli ya kulia chakula iitwayo St. James's, Bibi Annie Besant akiwa mwenyekiti, alisoma hotuba yake. Mwaka uliofuata hotuba ile ikakuzwa ikawa kitabu, The Quintessence of Ibsenism. Kitabu hicho, ambacho kilikuja kuwa mashuhuri kati ya vitabu vya kupima michezo katika lugha ya Kiingereza, kilizaliwa basi katika mkutano wa kawaida wa wanachama, kwa sababu ratiba ilikuwa tupu. Hatusemi hivi ili kujipa matumaini makubwa juu ya jioni ya leo.

Wasikilizaji walitazamia nini? Hapana shaka walitazamia kuambiwa kwamba Ibsen ni mwenzetu. Ingekuwa rahisi. Mchezo wake Nyumba ya Mwanasesere ulikuwa umechezwa London mwaka 1889, na ndani yake Nora, mke wa bwana wa benki, anaiacha nyumba ya mumewe na kufunga mlango nyuma yake. Watu wa heshima walikasirika sana. Adui wa watu wa heshima, si lazima awe rafiki yetu? Lakini Bwana Shaw hakuifuata njia hiyo. Alisema kwamba Ibsen anawachoma wale wanaoyafunika mambo kwa majina mazuri, na kwamba wafunikaji hao wamo hata katika kundi la wajamaa waliokaa mbele yake wakimsikiliza.

Alieleza kwa hesabu. Tuchukue, alisema, watu 1,000, tuwaulize juu ya ndoa na nyumba zao. Watu 700 wataona utaratibu uliopo wawatosha, hawana habari zaidi. Watu 299 wamo ndani yake na umewashinda, lakini hawana ujasiri wa kulikiri jambo hilo hata mioyoni mwao. Kwa hiyo huufunika uchungu kwa sifa: husema ndoa yao ni takatifu na yamfaa kila mtu, na tena huwa wakali kupita wote kwa yeyote atakayeinua kifuniko. Abaki mtu 1. Huyo ndiye atazamaye jambo lilivyo na kulitaja. Wale 700 humwona mwendawazimu tu, wala hawamchukii. Wanaomchukia ni wale 299, kwa sababu anakisema kile wanachokijua.

Tumefikiri sana juu ya hesabu hii tangu ule usiku wa ugomvi. Nani aliyepiga kelele ukumbini? Wasikilizaji wa kawaida walikwenda zao nyumbani wamefurahi. Tuliopiga kelele, na tulionyamaza, ni sisi wenye kadi.

Habari za hotuba ile zilimfikia Ibsen mwenyewe, aliyekuwa akikaa Ujerumani. Magazeti yakaanza kubishana kama ni mjamaa au si mjamaa. Agosti 1890 akaeleza kwa barua kwamba hakuwa mwanachama wa chama chochote, na kwamba kazi yake ilikuwa kuonyesha tabia za watu na maisha yao. Lakini amestaajabu kuona kwamba kwa kazi hiyo amefika, katika mambo kadha, mahali pale pale walipofika wajamaa kwa elimu yao. Jibu hilo latufaa sana. Hakusema kwamba chama kilimwongoza. Alisema walikutana njiani.

Tukiingia ndani ya kitabu, twaona Bwana Shaw anaipitia michezo ya Ibsen mmoja mmoja, na anakaa pale panapouma. Michezo miwili twataka kuitaja, kwa maana inatuhusu sisi wapangaji wa chama kuliko watu wengine.

Wa kwanza ni Adui wa Watu, wa mwaka 1882. Daktari Stockmann anagundua kwamba maji ya kuogea yanayoutajirisha mji wake yana sumu. Anafurahi, akidhani mji utamshukuru. Ndugu yake ndiye mkuu wa mji, naye anakataa. Gazeti la watu wa maendeleo mwanzo linamwunga mkono kwa nguvu, lakini likisikia kwamba gharama ya matengenezo itatoka kwa walipa kodi, linageuka kwa siku moja. (Na hili twalisema ndani ya chama chenye gazeti.) Mwisho mkutano wa hadhara unapiga kura kwamba daktari ni adui wa watu. Bwana Shaw, aliyekuwa akiwaomba watu kura, hakuukwepa mchezo huu. Alikubali kwamba walio wengi waweza kuwa nyuma katika jambo jipya, tena mara nyingi huwa nyuma, kwani jambo jipya huanza kwa wachache. Hakukata shauri kwamba kura ni upuuzi. Aliendelea kuitafuta miaka mingi baadaye. Ila hakutaka mchezo ulainishwe ili mjamaa alale usingizi mzuri.

Wa pili ni Bata wa Mwitu, wa mwaka 1884, nao ni mkali zaidi. Gregers, mtoto wa tajiri, anamkuta rafiki yake Hjalmar akiishi kwa raha na mkewe na binti yao Hedvig, mtoto wa miaka 14. Hjalmar hajui kwamba zamani mkewe alikuwa na yule tajiri, baba yake Gregers. Gregers anaamini kwamba ndoa ya kweli haiwezi kusimama juu ya uongo, basi anaingia nyumba ile na ukweli wake mkononi kama sisi tuingiavyo nyumba za watu na vikaratasi vyetu. Matokeo yake ni nini? Hjalmar anamkataa mtoto. Gregers anamshauri Hedvig amtoe kafara bata wake mpenzi ili kumwonyesha baba yake mapenzi. Mtoto anaichukua bastola, anaingia darini, na anajipiga mwenyewe.

Bwana Shaw aliona mara moja kilichotendeka hapa: Ibsen amewageukia wafuasi wake mwenyewe. Wale waliotoka katika ukumbi wakisema "Tuubomoe uongo!" wameonyeshwa mfano wao jukwaani, na mfano huo ni mjinga aliyeua mtoto. Mfuasi mwingine angeudharau mchezo huu, au angesema mzee amechoka. Bwana Shaw aliusifu katika kitabu, akausifu tena ulipochezwa London mwaka 1897. Hapo ndipo tulipoanza kumwamini. Mtu anayemsifu mtungaji kwa mchezo unaompiga yeye mwenyewe, huyo ametazama mchezo.

Msidhani ilikuwa kazi ya amani. Mchezo mwingine wa Ibsen, Mizuka, unaotaja ugonjwa ambao baba humwachia mwanawe, haukuweza kupata ruhusa ya mkaguzi wa michezo wa serikali ya Uingereza. Kwa hiyo tarehe 13 Machi 1891 ulichezwa London mbele ya wanachama wa klabu tu. Magazeti yalitapika matusi. William Archer, rafiki wa Bwana Shaw na mfasiri wa Ibsen, aliyakusanya matusi yote akayapanga kama orodha ya bidhaa, na Bwana Shaw akayachapisha katika kitabu chake bila kuongeza maneno mengi. Matusi yale hayakuhitaji msaada.

Lakini kuna jambo ambalo hakuliona vizuri mwaka 1891, akalieleza alipokikuza kitabu mwaka 1913. Kwa nini Nyumba ya Mwanasesere ni kitu kipya? Si kwa sababu mke anaondoka. Wake waliondoka katika michezo mingi kabla ya Nora. Mchezo wa desturi ulikuwa na mwanzo wa kueleza habari, kisha mafundo yanafungwa, kisha yanafunguliwa na watu wanarudi nyumbani. Katika mchezo wa Ibsen, mafundo yakiisha kufunguliwa na hatari imepita, mume anafurahi, na mtazamaji anaitafuta kofia yake. Hapo Nora anamwambia mumewe aketi kitini, wazungumze juu ya yale yaliyotokea baina yao. Mazungumzo yale ndiyo yaliyobadilisha jukwaa la Ulaya. Twaomba mlishike neno hili kwa sababu lina faida ya kazi. Hapa Bwana Shaw hasemi tena Ibsen yuko upande gani. Anaonyesha mahali penyewe, kiti chenyewe, ambapo kitu kipya kilifanyika. Mchezo wa vijana wetu uliishia pale mwenye duka alipofungwa. Je, kama yule mama angemwambia mwanawe aketi?

Januari 1895 Bwana Shaw alianza kuandika kila juma juu ya michezo katika gazeti la Saturday Review, kwa paundi 6 kwa juma, akaendelea mpaka Mei 1898. Wakati huo alikuwa ameandika michezo yake mwenyewe ambayo mingi ilikuwa bado inatafuta pa kuchezwa, na mmoja, Mrs Warren's Profession, mkaguzi wa serikali aliuzuia. Alikiri wazi kwamba hakuwa hakimu aliyekaa katikati: alikuwa mtungaji aliyetaka kuiteka nyumba ile ya michezo, na kila alipowapiga walioishika alikuwa akijitengenezea njia. Sisi twapenda alivyosema hivyo. Wapo wengi wanaopima kazi za wenziwao wakiwa na shamba lao nyuma ya mgongo, lakini hawalitaji.

Kutoka safu hizo tutachukua mambo machache tu.

Machi 1895 bwana mkubwa wa jukwaa la London, Arthur Pinero, alitoa mchezo The Notorious Mrs Ebbsmith. Ndani yake mna mwanamke aliyekuwa akihutubia watu majukwaani, mpinga dini na mpinga ndoa. Mwisho anaitupa Biblia katika jiko la moto, kisha anapiga kelele, anautia mkono wake motoni na kuitoa. Ukumbi ulitetemeka. Bwana Shaw hakutetemeka. Alikuwa amesimama majukwaani na wanawake wa namna hiyo miaka kumi. Alikuwako pamoja na Bibi Besant siku polisi walipowapiga watu katika uwanja wa Trafalgar, tarehe 13 Novemba 1887. Alisema Pinero awaona wanawake hao kutoka nje tu, kwamba hajui wanavyosema wala wanavyofikiri, na kwamba ile habari ya Biblia na moto ni ya kuwashtua watu waliolipa kiingilio. Hapa basi ndipo jicho la chama lilipofaa. Mhakiki asiyewahi kufika katika mkutano wa hadhara asingeweza kuuona uongo ule.

Juu ya Sardou, Mfaransa, hatutakawia. Michezo yake ilikwenda kwa barua zilizopotea, simu za maandishi, na vifo vilivyotokea mbali ili vitangazwe mlangoni. Bwana Shaw aliibandika jina la mzaha lililobaki katika Kiingereza mpaka leo, na hakuwa amekosea.

Kwa Oscar Wilde, Muayalandi mwenziwe, alisifu na kukosea kwa mwaka mmoja. Januari 1895 aliusifu mchezo An Ideal Husband, na kwa kuwa wahakiki wengine walisema maneno ya mzaha ya Wilde mtu yeyote aweza kuyatunga, akajibu kwamba yaelekea ni yeye peke yake katika London asiyeweza. Mwezi uliofuata ukaja The Importance of Being Earnest. Watu walicheka mpaka machozi. Bwana Shaw naye alicheka, kisha akaandika kwamba amejiona kama mtu aliyetekenywa. Kichekesho kisichomgusa moyo kimempotezea jioni yake. Tena akabuni kwamba lazima ni mchezo wa zamani uliotolewa sandukuni. Kumbe Wilde aliuandika mwaka 1894, nao ndio kilele cha kazi yake, na mpaka leo unachezwa pande nyingi za dunia. Bwana Shaw alitaka mchezo ufanye kazi. Mbele yake ulikaa mchezo ambao kazi yake ilikuwa kucheza. Akaupita.

Kosa la namna hii, lakini upande wa pili, alilifanya mwaka 1911. Alitoa dibaji ndefu kwa michezo mitatu ya Eugène Brieux, Mfaransa aliyeandika juu ya magonjwa ya zinaa, juu ya wazazi na watoto wasiotakiwa, mambo ya kweli na ya lazima. Alimweka Brieux kuwa mtungaji mkubwa kupita wote wa Ulaya magharibi ya Urusi tangu kufa kwa Ibsen. Mmoja wa michezo hiyo ulifasiriwa na mkewe Bwana Shaw, lakini hatudhani kwamba hiyo ndiyo sababu. Sababu ni kwamba Brieux alisema yaliyotakiwa kusemwa, na Bwana Shaw akadhani kwamba kusema ni kutunga. Leo nani anamsoma Brieux? Ukumbi ule ule uliomsahau Brieux bado wacheka na Wilde. Ndugu zangu, sifa hii tuliyompa Brieux ndiyo iliyotolewa katika ukumbi wa shule majuma matatu yaliyopita, na kwa sababu hiyo hiyo.

Twasema pia, tusije tukaonekana tunauza sanamu, kwamba macho ya Bwana Shaw yalikuwa mabovu zaidi katika siasa za uzee wake. Alimsifu Mussolini, mwaka 1931 alizuru Urusi akarudi akimsifu Stalin. Aliyeona uongo wa Biblia na moto jukwaani hakuuona uongo mkubwa aliotengenezewa yeye.

Imebaki habari ya Shakespeare, na hapa wengi wenu mna hisa, kwa kuwa Mwalimu Nyerere aliufasiri mchezo wa Juliasi Kaizari kwa Kiswahili, kitabu kikatoka mwaka 1963 na kutengenezwa upya mwaka 1969. Tulipokuwa katika chuo cha ualimu tuliisema hotuba ya Antonio juu ya maiti mpaka wapishi wa chuo wakaijua.

Bwana Shaw aliutazama mchezo huo London, Januari 1898. Alikasirika. Alisema kwamba mtu mkubwa wa historia amefanywa mwenye majivuno na upuuzi, na genge la waliomuua limepambwa kama wazalendo. Lakini katika safu hiyo hiyo alisema kwamba kwa ufundi wa jukwaa kazi ile ni ushindi mtupu. Angalieni: hakusema kwamba kwa kuwa wazo ni baya basi ufundi nao ni mbaya. Vitu viwili, mizani miwili. Kisha alifanya jambo ambalo wapimaji wachache huliweza. Mwaka huo huo aliketi akaandika Kaizari wake mwenyewe, katika mchezo Caesar and Cleopatra: mzee mwenye upara, mpole, mcheshi, asiyelipiza kisasi. Alipouchapisha mwaka 1901 aliandika dibaji ambayo kichwa chake kinauliza kama yeye amempita Shakespeare. Maadui zake wakasema, tazama majivuno! Hawakuiona alama ya kuuliza. Wala hawakusoma ndani, ambako anasema hakuna atakayeandika tanzia kupita King Lear.

Septemba 1896 alikuwa amekwisha kuuandama mchezo mwingine, Cymbeline, uliochezwa na Henry Irving na Bibi Ellen Terry. Alitumia maneno makali sana juu ya akili ya Shakespeare, na hapo hapo akasema amhurumia mtu asiyeweza kumfurahia. Kwa miaka mingi aliamini kwamba sehemu ya mwisho ya mchezo huo ni takataka iliyobandikwa na mkono wa mwingine. Baadaye, akiwa mzee, aliandika mwisho mpya wa Cymbeline, mfupi na wa kwake. Kwa kazi hiyo ilimlazimu aisome upya ile sehemu aliyoitukana. Akaisoma, akaona kwamba ni kazi ya Shakespeare mwenyewe, tena nzuri. Naye akachapisha katika dibaji, kwa kalamu yake, kwamba dhana aliyokuwa nayo tangu ujana ilikuwa upumbavu usiosameheka. Mchezo wake mfupi hakuufuta. Aliuacha usimame kando ya ule wa zamani, watu wachague.

Ndugu Mwenyekiti, tumepata habari kwamba vijana wataurudia mchezo wao Jumamosi ya mwisho wa mwezi. Tumewaomba waturuhusu kukaa nao jioni mbili kabla ya siku hiyo, na wamekubali, ingawa yule anayecheza mwenye duka ametuonya kwamba maneno yake hataki yapunguzwe. Jana sisi wanne tuliokaa safu ya nyuma tulikwenda nyumbani kwa ndugu yetu aliyeondoka. Tulimwambia kwamba alikuwa na haki juu ya shujaa na tangazo, na kwamba juu ya mwenye duka bado hatujakubaliana naye sawasawa, kwani mmoja wetu amepata kufanya kazi kwa mwenye duka wa namna ile. Akacheka. Akasema ataleta daftari lake, aliyoyaandika usiku ule yamo, kurasa sita. Tumemwekea nafasi katika safu ya mbele.